Jioni Sita za Wingu

Siku Tindikali alipopewa adhabu ya kumsaidia Babu Chupa, shule nzima ilimhurumia Babu Chupa.

Kosa lenyewe, kwa maoni ya mkosaji, halikuwa kubwa. Alikuwa kidato cha kwanza, muhula wa kwanza, na alikuwa amebandua vibandiko vya chupa ishirini na nne za kabati la kemia, akavibandika upya kwa mpangilio aliouona unapendeza zaidi. Sukari ikawa chumvi, siki ikawa maji safi. Chupa ya tindikali peke yake aliiacha na jina lake kwa sababu, kama alivyolieleza baraza la nidhamu kwa sauti ya mhubiri mazikoni, yeye ni mtundu, si muuaji. Baraza halikucheka. Jina la utani lilitokea papo hapo, na adhabu ikafuata: muhula mzima, kila jioni baada ya chakula na kabla ya masomo ya usiku, msichana huyo atapanda juu ya paa la maabara amshikie tochi fundi wa maabara.

Fundi huyo wanafunzi walimwita Babu Chupa, maana aliajiriwa kuosha chupa, kujaza mitungi ya gesi na kuhesabu vyombo vilivyovunjika kila mwisho wa muhula. Kazi ambayo hakuajiriwa nayo, na ambayo hakuna aliyemtuma, ilikuwa kuangalia nyota moja. Alikuwa ameiangalia karibu miaka ishirini na mitano. Kila anga inapokuwa safi na nyota iko juu, alipanda na darubini kuukuu iliyoachwa na mwalimu mmoja wa hesabu, darubini yenye mguu mmoja uliofungwa kwa mpira wa baiskeli, akaangalia, akaandika kwenye daftari, akashuka. Madaftari yalikuwa matatu, ya jalada gumu, na mawili yalikwishajaa.

Nyota ile haionekani kwa macho matupu. Hata ndani ya darubini ni nukta tu, imezungukwa na nukta nyingine tatu ambazo Babu Chupa aliziita mashahidi, kwa kuwa mwanga wao haubadiliki na unajulikana: wa kwanza saba nukta sita, wa pili nane nukta tatu, wa mwisho tisa kamili. Unaitazama nyota yako, unamtazama shahidi, unajiuliza nani amemzidi mwenzake na kwa kiasi gani, kisha unaandika namba. Namba za nyota zimepangwa kama nafasi za darasani: wa kwanza anang'aa kuliko wa tisa, na namba ikipanda ujue mambo yameshuka. Hilo Tindikali alilielewa mara moja, kwa uzoefu.

Nyota yenyewe Babu Chupa aliiita Kichanga.

"Ina umri gani, Babu?"

"Miaka milioni tatu. Nne, labda."

"Na hicho ni kichanga?"

"Jua letu lina milioni elfu nne na mia tano, na bado linachapa kazi. Piga hesabu, halafu uniambie nani yuko kwenye nepi. Na hiyo tochi ielekeze chini, hatuwindi panya."

Tochi ilikuwa imefungwa kitambaa chekundu, maana mwanga mweupe unaliharibia jicho giza lililochukua dakika ishirini kulizoea. Tindikali alishika tochi, akaandika namba alizotajiwa, na katika majuma ya mwanzo akili yake yote ilikuwa chini uwanjani, ambako rafiki yake Kipaza alikuwa akimpungia mkono na kumkatia viuno ili acheke. Babu Chupa alimweleza sheria za daftari jioni ya kwanza. Alizieleza taratibu, moja baada ya nyingine, kama mtu anayeweka vikombe mezani. Tindikali aliitikia "Ndiyo, Babu" mara tisa na hakusikia hata moja.

Muhula uliofuata Babu Chupa alilazwa hospitali kupasuliwa ngiri. Adhabu ilikwishakwisha, lakini msichana alikuwa bado anapanda, akisema ni kwa ajili ya upepo. Asubuhi ya kuondoka, mzee alimkabidhi ufunguo wa maabara na daftari la tatu.

"Kila jioni, binti. Hata ukisikia uvivu. Hasa wiki hizi mbili."

"Kuna nini wiki hizi mbili?"

"Nikikuambia, jicho lako litaona nilichokuambia. Wewe angalia, andika ulichokiona. Basi."

Jioni nne za kwanza Tindikali aliangalia. Kichanga kilikuwa nane nukta moja zote nne, kama kawaida yake, na kwa jioni nne mfululizo nane nukta moja ni namba inayochosha. Ya tano ndipo yeye na Kipaza walipotambua kwamba ufunguo wa maabara unafungua pia kabati la baiolojia, alimokaa Marehemu. Marehemu alikuwa kiunzi cha mifupa cha plastiki, na ilikuwa dhahiri kwa wote wawili kwamba amenyimwa haki ya elimu. Wakamshonea shati. Wakamtafutia tai na soksi. Wakamfunga uzi wa mshipi kwenye kiwiko ili aweze kunyoosha mkono. Kazi hiyo ilichukua jioni sita, na ilikuwa kazi safi, kwa maana siku ya saba mwalimu wa zamu mwenye usingizi aliita orodha ya wanafunzi, akaona mkono umenyooka kwenye dawati la nyuma, na akamwandikia Marehemu kwamba yupo.

Kila moja ya jioni hizo sita, kabla ya kufunga mlango, Tindikali alifungua daftari kwenye safu ya Kichanga na kuandika neno moja: *wingu*. Hakupanda paani kutazama. Neno sahihi la anga iliyojifunga ni *mawingu*, naye alikuwa ameliandika mara nyingi kwa kutajiwa, lakini jioni zile aliona uvivu hata wa hiyo *ma*. Mahali pa namba alipaacha wazi. Kisha zikaja siku tano za mapumziko ya katikati ya muhula, maabara ikafungwa, na shule ilipofunguliwa Babu Chupa alikuwa amerudi, akitembea kwa kujishika ubavu.

Alikwenda kwenye daftari kabla hajavaa koti lake la kazi. Tindikali alisimama mlangoni akisubiri shoka. Mzee alisoma, akavua miwani, akaifuta kwa pindo la shati, akasoma tena.

"Ahsante, mjukuu wangu," alisema. "Hujui ulichonifanyia."

Tindikali alidhani ni kejeli, na kwamba shoka linanolewa. Shoka halikuja. Juma likapita, mwezi ukapita, na jambo likasahaulika kama yanavyosahaulika mambo ya watu wasioadhibiwa. Akaendelea kupanda. Miaka miwili baadaye, kidato cha tatu, aliweza kukadiria nyota kwa tofauti ya nukta moja na kumkosoa Babu Chupa, ambaye jicho lake la kulia lilikuwa limeanza kufanya ukungu. Kumbe hata utundu huchoka ukipata kazi. Kipaza alimwita msaliti na kuhamisha vipaji vyake kwenye kwaya.

* * *

Ilikuwa imebaki miezi miwili Babu Chupa astaafu pale ilipofika barua kutoka kituo cha kuchunguzia anga. Watafiti walikuwa wakiichunguza nyota changa moja, nao walikuwa wamesikia kwamba kuna mtu shuleni anayo kumbukumbu yake ya miaka mingi. Waliomba kuiona. Mkuu wa shule, ambaye kwa miaka hiyo yote alidhani fundi wake anapanda paani kuvuta sigara, alitoa amri madaftari yote matatu yachapwe kwenye kompyuta, na kazi akapewa Tindikali.

Alichapa adhuhuri tatu mfululizo, feni ikilia kichwani, Babu Chupa ameketi kando akimsomea mistari iliyofifia. Mwaka wa saba wa kumbukumbu ndipo aliposimamisha vidole.

"Babu, hapa umeandika *wingu*, halafu umeweka namba. Nane nukta sita. Kama kulikuwa na wingu, uliionaje nyota?"

"Kwani nilikufundisha nini siku ya kwanza?"

"Nimesahau kidogo."

"Hukusikia kidogo." Mzee alisogeza kiti. "*Mawingu*, ni ya kwetu. Ya mvua, ya angani hapa. Ukiandika *mawingu*, maana yake hukuona kitu, jioni imekwenda bure. *Wingu*, peke yake, ni la kule kwenye nyota. Anga ni safi, mashahidi wote watatu wanaonekana, Kichanga peke yake kimefifia. Nilikosa neno la kuliita, nikatumia hilo. Angalia: wingu, nane nukta sita. Wingu, nane nukta tisa. Wingu, tisa kamili. Halafu kinapanda, kinapanda, siku ya kumi na moja kimerudi nane nukta moja kama vile hakikuenda popote."

"Kilipatwa na nini?"

"Vumbi." Babu Chupa alilitamka neno hilo kwa heshima. "Nyota haizaliwi mahali pasafi, mjukuu wangu. Kunakuwa na wingu kubwa la gesi na vumbi, baridi, jeusi, linaelea tu. Linaanza kujiangukia kwa uzito wake lenyewe. Katikati panajikusanya, panabanwa, panapata moto, hapo nyota inawaka. Kilichobaki nje kinazunguka kama sinia pana la vumbi. Na ndani ya sinia hilo, punje inashika punje, tonge linashika tonge, hadi zinatokea sayari. Hii ardhi unayoikanyaga na viatu usivyovifuta ilikuwa vumbi la sinia kama hilo."

"Kwa hiyo kuna kitu kinapita mbele ya Kichanga."

"Kitu kikubwa, kimejifunika vumbi. Pengine sayari inaumbwa, pengine ni bonge tu, sijui, mimi naosha chupa. Lakini nenda mwaka wa kumi na sita."

Tindikali alifungua daftari la pili. Mwaka wa kumi na sita: wingu, wingu, wingu, jioni kumi.

"Miaka tisa na majuma machache," alisema mzee. "Mara moja ni ajabu. Mara mbili ni sadfa. Nikasema, kikirudi mara ya tatu, baada ya miaka tisa mingine, hiyo siyo sadfa tena. Kinazunguka. Nikahesabu siku, nikaziweka alama ukutani nyumbani. Na zilipofika, mimi niko kitandani nimeshonwa tumbo." Alicheka polepole, akigusa ubavu kana kwamba nyuzi bado zipo. "Macho yaliyokuwepo yakawa yako."

Alinyoosha mkono akafungua daftari la tatu, bila kutafuta. Ukurasa ulifunguka wenyewe mahali hapo, kwa kuwa ulikwishafunguliwa mara nyingi. Mistari sita, mwandiko wa mtoto wa kidato cha kwanza: wingu, wingu, wingu, wingu, wingu, wingu.

"Namba hukuweka. Nilielewa. Kilikuwa kimeshuka kuliko shahidi wa mwisho, huna wa kumlinganisha naye. Mwanagenzi mwingine angebuni namba. Wewe ukanyamaza. Siku ile ndipo nilipojua una adabu ya kazi."

Ilikuwa nafasi ya kusema. Ilikuwa nafasi pana kama lango. Feni ililia. Tindikali akatazama vidole vyake vikichapa neno lile mara sita, na kila mara vilibonyeza herufi tano, hakuna hata kimoja kilichotetemeka.

* * *

Siku kumi baadaye aliitwa ofisini kwa mkuu wa shule. Babu Chupa alikuwepo, amevaa koti ambalo Tindikali hakuwahi kuliona, koti la arusi au la mazishi. Simu ilikuwa mezani, sauti imefunguliwa wote wasikie, na ndani yake alikuwa mtafiti, mwanamke mwenye sauti ya mtu anayejizuia asikimbie.

"Nimeyasoma yote, mzee wangu. Usiku na mchana. Kamera zetu zimeanza kuiangalia nyota hiyo mwaka jana tu, kwa hiyo huko nyuma kote tuko kizani, isipokuwa wewe. Na hizi mara tatu za *wingu*, kwa miaka tisa tisa..." Alivuta pumzi. "Tukiweza kuzisimamia, tunajua kitu kinachozunguka, tunajua muda wake, na tutajua lini tuelekeze darubini kubwa. Jina lako litakuwa la kwanza kwenye makala."

"La shule liandikwe kwa herufi kubwa," alisema mkuu wa shule, akainamia simu kama anainamia mtoto.

"Kuna swali moja. Ile mara ya tatu haina namba, na mwandiko si wako."

"Ni wa mjukuu wangu huyu," alisema Babu Chupa. Mjukuu akatazama zulia.

"Nilidhani labda ni mawingu ya kawaida. Kwa hiyo nikatafuta kumbukumbu za hali ya hewa za eneo lenu. Jioni zote sita anga ilikuwa safi kabisa. Haikuwa na hata doa. Sasa kama anga ilikuwa safi, na ameandika *wingu*, basi aliona tu kile mnachokiita *wingu*. Nimeridhika. Ila wakaguzi wa makala watataka saini yake. Nimetuma karatasi ya mistari miwili: kwamba jioni hizo aliitazama nyota kwa darubini, na mashahidi walionekana. Jumatatu inatosha."

Mkuu wa shule alimpa Tindikali karatasi hiyo kwa mikono miwili, jambo ambalo hakuwahi kumfanyia mwanafunzi yeyote, hata alipompa cheti.

Tangu utoto wake Tindikali alikuwa amedanganya watu wengi, na kwa ustadi, na kila mara uongo uliishia pale mtu alipoangalia ukweli. Huu ulikuwa wa kwanza kwenda wenyewe hadi kwenye ukweli, ukapokelewa na kukaribishwa kiti. Anga safi, iliyopaswa kumuumbua, ndiyo iliyomtolea ushahidi.

Kipaza alimkuta mahali pa kufulia, anasugua soksi moja kwa nusu saa.

"Saini," alisema Kipaza, baada ya kuelezwa. "Tatizo liko wapi?"

"Sikuangalia."

"Lakini mzee alipiga hesabu, si ndiyo? Kitu kilikuwa kije wiki hiyo hiyo. Kwa hiyo kilikuja. Kilipita juu yetu sisi tunamvisha Marehemu soksi. Ulichoandika ni kweli, ila uliandika bila kujua. Huo hata si uongo. Ni unabii."

"Na kama hakikuja?"

"Nani ataleta habari? Nyota?"

"Ndiyo," alisema Tindikali.

Kipaza akakaa kwenye ukingo wa karo la kufulia. "Yule babu atakufa," alisema kwa sauti ndogo. "Umeliona lile koti?"

"Nimeliona."

"Miaka ishirini na saba, dada. Kwa ajili ya shati la Marehemu."

Hilo Kipaza hakulisema kwa ubaya. Alikuwa anajaribu tu kulipima, na alipolipima akaona halina mzani.

* * *

Nyumba ya Babu Chupa ilikuwa ya chumba kimoja na sebule, nyuma ya karakana ya shule. Jumapili alasiri mlango ulikuwa wazi. Mkewe alikuwa anapiga pasi shuka mezani, na ukutani juu ya kichwa chake kulikuwa na kalenda ya zamani, ya miaka miwili iliyopita, iliyobaki imefunguliwa kwenye mwezi mmoja, siku zake zimezungushiwa kalamu ya bluu.

"Karibu, mwanangu," alisema mkewe. "Umekuja kwa mume wangu au kwa mke mwenzangu? Miaka ishirini na saba nina mke mwenza asiyepika wala kufagia, na sasa naambiwa ataandikwa kwenye majarida. Mimi nimezaa wanne, sijaandikwa hata kwenye ukuta."

"Mwache mtoto aketi," alisema Babu Chupa. Alikuwa na kioo cha kukuzia mkononi na daftari la tatu magotini. "Umeleta karatasi?"

Tindikali hakuketi. Alikuwa amepanga maneno njiani, hotuba nzima yenye utangulizi, maana utangulizi ndio alioumudu maishani. Wote ulimpotea.

"Babu, sikupanda."

"Hukupanda wapi?"

"Paani. Zile jioni sita. Tulikuwa kwenye kabati la baiolojia tunashona nguo za kiunzi cha mifupa. Niliandika *wingu* nikimaanisha mawingu ya mvua, ili uone nilikuja. Sikujua kama lina maana nyingine. Sikuitazama nyota hata mara moja."

Mkewe aliisimamisha pasi wima. Mvuke ulitoka, ukakoma.

"Sema tena," alisema Babu Chupa. "Taratibu."

Akasema tena. Mara ya pili ilikuwa fupi zaidi na ilimuuma zaidi.

Mzee aliangalia ukurasa. Aliuangalia kama anavyoangaliwa mtu wa nyumbani aliyebadilika sura. "Nilikuwa namuuliza nesi," alisema mwishowe, si kwa Tindikali hasa. "Kila jioni. Nje kukoje? Ananiambia, kweupe, mzee, nyota tupu. Nikawa nalala nafurahi. Nasema, mtoto yuko juu pale."

"Nisamehe, Babu."

"Usiniombe leo. Leo nina hasira." Sauti yake ilikuwa ya chini, ya kawaida, kama anataja namba. "Nakuuliza kitu kimoja. Je, kilififia?"

"Sijui."

"Mimi pia sijui. Wala yule mtafiti. Hakuna mtu duniani aliye hai anayejua, na hakuna njia ya kurudi kwenda kuangalia. Mwanga ule ulifika, ukapita, haukukuta mtu." Akaweka kioo chini. "Ningekuwa kijana ningekuchapa."

"Mwenyewe ungejichapa kwanza," alisema mkewe. "Nani alimwachia mtoto wa miaka kumi na minne kazi ya miaka tisa na asimwambie ni nini?"

"Nilitaka jicho lisilojua."

"Basi ukalipata."

Babu Chupa alivua miwani, akakandamiza vidole kwenye macho, la kulia kwa muda mrefu zaidi. Lilikuwa limeingia mtoto wa jicho, hilo Tindikali alilijua; daktari alikwishasema. Mara ya nne ingekuwa baada ya miaka saba. Watu wote watatu chumbani waliipiga hesabu hiyo, na hakuna aliyeitaja.

"Jumatatu ni kesho," mkewe alisema, taratibu sasa. Alikuwa anamtazama mumewe. "Mimi sijui mambo ya nyota. Nauliza tu. Akisaini, nani ameumia?"

Tindikali aliona kwamba mzee hakulikataa swali lile haraka. Alilishika. Aligeuza uso akaitazama kalenda ukutani, duara baada ya duara, na kidole chake gumba kilikuwa kinapitapita kwenye ukingo wa daftari, kinapanda na kushuka. Ingetosha aseme neno moja. Tindikali alijua kwamba angelisema, yeye angesaini, na angesaini kwa ajili yake, na wangekuwa wawili ndani ya uongo huo hadi mmoja wao afe.

"Wataelekeza darubini kubwa kwa siku tulizowapa," alisema Babu Chupa. "Kama siku si zenyewe, wataangalia patupu. Halafu watasema, yule muosha chupa, yote aliyoandika ni hivyo hivyo. Na Kichanga kitafifia siku nyingine, hakuna mtu." Akatikisa kichwa. "Mara mbili tunazo. Mara mbili niliziona mwenyewe. Nipe rula."

Mkewe alifungua droo akampa. Mzee aliweka daftari mezani, kando ya shuka, akapiga mstari mmoja mwembamba juu ya kila *wingu*, mistari sita, neno likiendelea kusomeka chini yake. Kwenye wa tatu rula iliteleza na mstari ukapinda, akauacha ulivyo.

"Hatufuti," alisema. "Atakayekuja baadaye lazima aone tulipoangukia. Kaa hapa. Andika."

Tindikali aliketi. "Niandike nini?"

"Ulichokiona."

"Sikuona kitu, Babu."

"Basi andika hivyo. Mara sita. Kila jioni ina mstari wake."

Akaandika: *Haikuangaliwa.* Mzee aliinama na kioo chake, akasoma, akasubiri wino ukauke, kisha akasogeza rula chini mstari mmoja. *Haikuangaliwa.* Nje watoto wa wafanyakazi walikuwa wanagombea mpira. Mkewe alirudi kwenye pasi, akaipitisha tena juu ya shuka lile lile alilokwishanyoosha. Kila neno lilisomwa kwa kioo, hata lile la tano, hata la sita, na machozi ya msichana yalipodondoka kwenye ukingo wa ukurasa mzee alikausha kwa pindo la shati, kwa uangalifu, asije akaharibu jioni nyingine.

"Sasa tarehe ya leo," alisema. "Na jina lako. La kweli, si hilo la bwenini. Kesho tutampigia mtafiti, utasema wewe, mimi nitakuwa pembeni."

Tindikali aliandika tarehe. Kisha akaandika jina lake, lote, kama lilivyo kwenye cheti cha kuzaliwa. Lilikuwa refu kuliko nafasi iliyobaki, akalazimika kulimalizia ukingoni, kwa herufi ndogo, likipanda juu.

Babu Chupa alilisoma hadi mwisho.